Barua ya wazi kwa wakuu wa Tanga: Niulizeni shida yangu, dini yangu niachieni

YAH: KUULIZWA DINI KABLA YA KUHUDUMIWA KATIKA SHULE NA OFISI ZA UMMA

Kwenu waheshimiwa mnaosimamia shule za serikali, ofisi za kata na maeneo ya kuzikia jijini Tanga,

Shikamooni kwa mlionizidi umri, na kwa wengine habari za kazi. Salamu hii nimeichagua makusudi. Siku hizi kwenye mikutano yetu msemaji haanzi mpaka apitie "Asalaam alaykum", "Bwana Yesu asifiwe", "Tumsifu Yesu Kristo" na "Shalom", kila kundi liitikie kwa zamu yake, na bado pale ukumbini wanabaki watu ambao hawajasalimiwa. Shikamoo na habari za kazi zinatutosha wote.

Tafadhali husikeni na kichwa cha habari hapo juu.

Nilitaka jambo hili liishie mezani kwenu. Nimeandika barua, zikagongwa mhuri wa kupokelewa, nikaambiwa nifuatilie, nikafuatilia. Jibu pekee nililopata ni la mdomo, tena koridoni: "Mama, mbona unajipa kazi? Andika dini yoyote yaishe." Hilo "yoyote" ndilo lililonitoa hadharani. Mtumishi wa umma ananishauri niandike uongo kwenye karatasi ya serikali ili faili lake lifungike, na haoni kama kuna tatizo.

Mnijue kidogo. Baba yangu Mdigo, Muislamu wa swala tano. Mama yangu Mbondei wa Muheza, upande wa Magila, Mwanglikana tangu enzi za bibi yake. Nyumbani tulikula pilau ya Idi na ya Krismasi, na hakuna aliyetoka pale akiwa amepungukiwa kitu. Mimi nilipokua sikuingia kote kuwili. Naamini utu wa mtu, naamini kufikiri kabla ya kukubali, na wema namtendea jirani kwa kuwa ni jirani. Adhana ya alfajiri na kengele ya Jumapili ni sauti za mji wangu, sitaki hata moja inyamaze. Ninachodai ni kwamba mtu akifika dirishani kwenu aulizwe shida yake, ahudumiwe, aende zake.

Hoja zangu ni hizi.

1. Nafasi ya "Dini" kwenye fomu

Binti yangu alipopangiwa shule ya sekondari ya serikali tulipewa fomu ya kujaza. Kati ya jina la mzazi na namba ya simu kuna mstari: "Dini". Niliuacha wazi. Karani akanirudishia, fomu haijakamilika. Nikaandika "Hakuna". Akaisoma, akaiangalia tena, akauliza: "Sasa huyu mtoto nimuweke wapi?" Jina la kwanza la binti lilimpeleka kanisani, la ukoo likamrudisha msikitini. Akatafakari kidogo, akakata neno langu kwa kalamu nyekundu na juu yake akaandika "Muislamu". Yeye mwenyewe, mbele yangu, kwa mwandiko mzuri kabisa.

Waheshimiwa, Sheria ya Ulinzi wa Taarifa Binafsi ilitungwa mwaka 2022 na ikaanza kutumika Mei 2023. Imeiweka imani ya dini katika kundi la taarifa nyeti, pamoja na mambo kama afya ya mtu. Taarifa nyeti haikusanywi kwa mazoea. Nauliza: shule inaitumia kwa kazi gani? Nchi hii haijauliza dini kwenye sensa tangu ile ya 1967. Tangu hapo tumejenga zahanati na kuchimba visima bila kuhesabu nani anaswali wapi. Mwaka 2012 baadhi ya watu walidai swali hilo lirudishwe, wengine wakahimiza sensa isusiwe, na serikali ikakataa. Kama serikali kuu inaweza kupanga mambo ya watu wote bila kujua dini zao, shule ya kata haishindwi kupanga madawati.

Nakiri ziko sehemu ambapo swali hili lina kazi. Mahakamani kwenye mirathi, kwa mfano, hakimu lazima ajue marehemu aliishi kwa taratibu zipi ili ajue mali igawanywe kwa sheria ipi. Hapo niulizeni, nitajibu. Lakini kwenye fomu ya shule?

2. Kipindi cha dini

Kwa sababu ya kalamu ile nyekundu, siku ya kipindi cha dini binti aliitwa kwenye chumba kimoja. Akasema si wa huko. Akapelekwa cha pili, akasema si wa huko pia. Akapewa fagio akafagie uwanja wa paredi mpaka wenzake watoke. Wiki iliyofuata hivyo hivyo. Kufagia si dhambi, nyumbani anafagia. Lakini adhabu ni adhabu hata ikiitwa usafi, na watoto wenzake walishaelewa maana yake kabla yangu, maana walianza kumwita "mpagani".

Sidai kipindi kifutwe. Kuna wanafunzi wanaojiandaa kwa mitihani ya Elimu ya Dini ya Kiislamu na Bible Knowledge, na ni haki yao. Nadai chumba cha tatu. Maktaba ipo, imefungwa kwa kufuli saa hiyo hiyo.

Na hapa niwakumbushe historia ya mji wenu wenyewe. Shule ya kwanza ya serikali katika nchi hii ilifunguliwa hapa Tanga mwaka 1892 (si shule ninayoilalamikia). Wajerumani walihitaji makarani, wakalimani na maakida (watawala wadogo wenyeji) wanaojua kusoma na kuandika, na wazazi wa pwani hawakuwa tayari kuwakabidhi watoto wao kwa wamisionari. Ikabidi shule iwe ya kusoma, kuandika na hesabu, kwa Kiswahili, bila somo la dini. Wamisionari walilalamika sana. Mjerumani hakufanya hivyo kwa mapenzi, huyo ni mtu aliyetutawala kwa kiboko. Alipiga hesabu tu, na hesabu ikawa sahihi: ukitaka watoto wa mji mzima waje, usiwaulize wanasali wapi. Miongo mingi baadaye, mwaka 1969, serikali yetu wenyewe ilizichukua shule za misheni ili mtoto wa Muislamu, wa Mkristo na wa asiyekuwa huku wala kule wakae dawati moja. Wazee wengi wa pwani bado wanasimulia jinsi nafasi ya shule ya misheni ilivyoweza kumgharimu mtoto wa Kiislamu jina lake. Nashangaa tunavyorudi kule tulikotoka, tena bila hata mkoloni wa kumlaumu.

3. Mapepo

Muhula uliopita wasichana walianza kuanguka darasani. Kwanza mmoja, halafu watatu, kufika jioni bweni zima linapiga kelele. Uongozi wa shule ukaita watu wa maombi. Haikutulia, wakaita watu wa kisomo. Wazazi tukaombwa mchango. Binti anasema mwalimu mmoja alimshika msichana mabega akawa anamfokea: "Taja jina lako! Umetumwa na nani?" Msichana huyo alikuwa na jina, lipo kwenye rejista. Aliyemkabili ndiye aliyetaka jingine. Daktari hakuitwa, wala muuguzi wa zahanati iliyo jirani.

Jambo hili si geni Tanzania. Januari 1962, Kashasha karibu na Bukoba, katika shule ya wasichana ya misheni, wanafunzi walishikwa na kicheko na kilio visivyozuilika. Kati ya wanafunzi 159, waliopatwa walifika 95, na Machi shule ikafungwa. Wasichana walirudi makwao na hali ikaenea vijijini. Madaktari walikwenda, wakapima, wakatafuta sumu na vijidudu, hawakuona. Hakuna aliyekufa. Waliouchunguza mkasa ule wanaueleza kuwa ni hofu na msongo unaoambukizana kati ya watu wanaoishi pamoja chini ya shinikizo moja. Kwa hiyo maswali ya kwanza ya mkuu wa shule yalipaswa kuwa: wanalala saa ngapi, wanakula nini, nani anawatisha, mtihani gani unakuja. Hayo hayakuulizwa.

Kinachonitisha zaidi ni kifafa. Katikati ya wasichana ishirini wanaoanguka kwa hofu anaweza kuwepo mmoja mwenye kifafa kweli. Huyo anatakiwa alazwe ubavu, asitiwe kitu mdomoni, asikandamizwe, na degedege likizidi dakika tano akimbizwe hospitali. Akizungukwa na watu kumi wanaomkemea pepo atakufa mikononi mwenu, na mtasema pepo lilikuwa kali. Mzazi anayetaka kumuombea mwanawe amuombee, hakuna anayemzuia. Shule ya serikali kazi yake ni kuita daktari au muuguzi mwenye leseni.

4. Makaburi

Mjomba wangu, kaka wa mama, alikuwa fundi wa reli mpaka alipostaafu. Alibatizwa akiwa mchanga, akaacha kanisa ujanani bila ugomvi na mtu, na hakuhamia kwingine. Aliishi hapa mjini. Ukiwa na msiba alikuja na koleo kabla hujamtumia mtu, akachimba, na mkimaliza kuzika anarudi kwake kimya. Amechimba makaburi ya Waislamu, amechimba ya Wakristo. Aliacha karatasi yenye sahihi yake: asisomewe chochote, azikwe Tanga, majirani wenye la kusema waseme.

Alipofariki nilikwenda kufuata kibali cha kuzika. Karani aliandika jina, umri, chanzo cha kifo, akafika kwenye dini akasimama. "Ya Waislamu yako huku, ya Wakristo yako kule. Huyu anakwenda wapi?" Nikamwonyesha ile karatasi. Akaisoma mpaka mwisho, akaikunja vilevile ilivyokuwa, akanirudishia. "Hii haina sehemu kwenye fomu."

Tukahangaika. Sheikh wa jirani ndiye aliyekuwa wa kwanza kufika msibani, na mikeka tuliyokalia ilikuwa yake. Alisema wazi, kwa upole, kwamba makaburi yao ni ya waliosaliwa. Padri naye alisema marehemu hakuwa mshirika kwa miaka mingi. Kumzika angemzika, ila kwa ibada kamili. Wote wawili siwalaumu hata chembe. Yale ni maeneo ya waumini wao na wana haki ya kuyaendesha kwa taratibu zao. Ibara ya 19 ya Katiba inasema shughuli na uendeshaji wa jumuiya za dini ziko nje ya shughuli za mamlaka ya nchi. Sawa. Lakini sheria za serikali za mitaa zimezipa halmashauri jukumu la maeneo ya kuzikia. Jukumu hilo ninyi mmeligawa kwa dini mbili mkanawa mikono, na anayebaki katikati hana pa kulala.

Karani akarudia ushauri wenu ule: "Si alibatizwa? Andikeni Mkristo." Mjane wake akakataa. Alisema hawezi kumsingizia mumewe akiwa maiti. Basi tukakodi Canter, tukampeleka Muheza, tukamzika kwenye shamba la familia katikati ya michungwa. Mchango wote uliishia kwenye gari na mafuta. Wale majirani ambao amewachimbia wazazi wao, wengi wazee, hawakuweza kusafiri. Walibaki barazani kwake wamekaa, hawana kaburi la kurushia udongo.

Mji huu huu una makaburi ya vita. Novemba 1914 Waingereza walileta jeshi kutoka India kuuteka mji wa Tanga, wakashindwa, na wafu wa vita ile wana ardhi yao hapa, iliyozungushiwa uzio na kufyekwa majani. Aliyekuja kutupiga amepata nafasi. Fundi aliyekarabati injini zetu maisha yake yote amekosa.

Angalieni pia upande mwingine. Mimi na mume wangu tulifunga ndoa bomani, Sheria ya Ndoa ya 1971 inaruhusu. Watoto wana vyeti vya kuzaliwa visivyotegemea ubatizo wala akika. Mahakamani asiyetaka kuapa kwa kitabu anathibitisha, na ushahidi wake unapokelewa sawasawa. Raia anaweza kuzaliwa, kuoa, kulipa kodi na kutoa ushahidi bila dini. Kufa ndiko mlikomfungia mlango.

5. Vikao

Hili ni fupi. Mkutano wa mtaa kuhusu taka na mitaro unafunguliwa kwa dua mbili ndefu, unafungwa kwa dua mbili ndefu, na mitaro inapata robo saa. Dakika moja ya kimya ingetosha, kila mtu aitumie apendavyo.

Najua mtakavyojibu, kwa sababu nimeshasikia mengi koridoni.

Mtasema fomu zinatoka juu. Nipeni basi waraka unaoagiza swali la dini, wenye namba na tarehe. Ukiwepo, barua inayofuata nitamwandikia huyo wa juu.

Mtasema Tanga kila mtu ana dini. Kama ni kila mtu, mjomba alikuwa nani? Na mtu atajitokezaje kusema hana, ikiwa mwanawe atapewa fagio?

Mtasema hata Wimbo wa Taifa unamtaja Mungu. Ndiyo, na naimba nikiwa wima. Wimbo haujawahi kunikatalia kibali cha kuzika.

Mtasema serikali isiyo na dini ni mambo ya Wazungu. Hili ndilo linalonichekesha. Mzungu wa mwisho kututawala ni Muingereza, na mpaka leo mfalme wake ndiye mkuu wa Kanisa la Uingereza, na maaskofu 26 wa kanisa hilo wana viti bungeni. Tungemuiga yeye tungekuwa na dini ya taifa. Sisi tulichagua vingine. Ibara ya 3 ya Katiba yetu inasema Jamhuri ya Muungano ni nchi "isiyokuwa na dini". Mkitaka mfano wa jirani wa mbali kidogo, Senegali ina Waislamu zaidi ya asilimia 90, na katiba yake inasema ni jamhuri isiyofungamana na dini. Rais wake wa kwanza, Senghor, alikuwa Mkatoliki na akaongoza miaka 20. Na kabla hatujafika huko, wazee wetu waliojiunga na TANU waliahidi kwanza kabisa: "Binadamu wote ni ndugu zangu na Afrika ni moja." Hakuna aliyeambiwa ataje msikiti au kanisa ndipo awe ndugu.

Na kuna watakaosema mama huyu anataka kuwatoa watoto kwenye maadili. Maadili ya mjomba yalikuwa kwenye koleo lake. Waulizeni majirani.

Ninachoomba ni hiki.

(a) Nafasi ya dini iondolewe kwenye fomu za shule na za ofisi za kata. Ikibaki kwa sababu yoyote ya kisheria, iandikwe wazi kwamba kujaza ni hiari. Na rekodi ya binti yangu isahihishwe: alichoandika mzazi kirudishwe, kilichoandikwa na karani kifutwe.

(b) Maktaba ifunguliwe saa ya kipindi cha dini, na mwanafunzi asipewe kazi ya mikono kwa sababu hakuingia chumba chochote. Ibara ya 19 inasema uhuru wa imani ni wa kila mtu, na Sheria ya Mtoto ya 2009 inakataza mtoto kubaguliwa kwa dini. Sioni palipoandikwa "isipokuwa asiye nayo".

(c) Wanafunzi wakianguka, wa kwanza kupigiwa simu awe mhudumu wa afya, wa pili mzazi. Utaratibu huo uandikwe na ubandikwe ofisi ya walimu.

(d) Litengwe eneo la umma la kuzikia lisilouliza dini ya maiti. Hata ekari moja. Si kwa ajili ya watu kama mjomba peke yao. Kuna maiti wasiotambuliwa na wageni wasio na ndugu wanaokufa mjini humu.

Katika yote manne, ni hilo la mwisho tu linalohitaji fedha. Mengine yanahitaji sahihi.

Naomba jibu kwa maandishi, lenye kumbukumbu namba na jina la aliyelitoa. Jina langu na simu yangu mnavyo kwenye barua za awali, zipo kwenye faili lenu. Jibu likija nitalisambaza kama nilivyosambaza barua hii, liwe zuri au baya.

Wenu katika ujenzi wa taifa,

Mzazi, Ngamiani, Tanga.

Nakala:
Diwani wa kata yetu
Kamati ya shule
Sheikh na Padri waliokuja msibani, kwa shukrani